Pazia la Taa ya Bibi Nesi

Mama Mapazia alikuwa ameketi kwenye ukumbi mwembamba wa nyumba yake, juu ya furushi la vitambaa vilivyobaki, akiutazama mlango wa chumba cha binti yake. Chini ya mlango ulipita utepe wa mwanga wa kompyuta. Mara ulififia, mara ukarudi, na kila uliporudi moyo wake ulishtuka kama kuku aliyekanyagwa. Habari aliyoingoja ilikuwa moja tu: je, ile nyota ilizimika mara ya pili, au haikuzimika?

Ukimwambia mtu kwamba mwanamke mzima, mshona mapazia, mwenye magoti mabovu, amekesha sakafuni akiomba nyota iwe imezimika, atakucheka. Hata yeye angecheka, lau asingekuwa yeye mwenyewe aliyeharibu.

"Mwanangu," aliita kwa sauti ya chini. "Nikuletee chai? Ipo kwenye chupa, bado ya moto."

Vidole viliendelea kugonga vitufe.

"Au maziwa?"

"Mama, tafadhali."

Tafadhali hiyo ilimkata kuliko tusi. Mtoto akikujibu vibaya unajua pa kumshika. Akikuambia tafadhali kama anavyomwambia karani wa dirishani, huna pa kushika.

Jambo lenyewe lilianza zamani, na lilianza kwa pini.

Binti huyu alipomaliza shule alipata nafasi ya kusomea unesi. Aliyefurahi kupita wote alikuwa jirani wa ng'ambo ya uchochoro, Bibi Nesi, mstaafu aliyezalisha nusu ya watoto wa mtaa ule na hakujaliwa wa kwake. Alivuka uchochoro na khanga yake ya kutokea, akamtoa binti mbele ya watu, akambandika kifuani saa yake ya kazi, ile inayoning'inia kichwa chini ili mvaaji aisome bila kuishika. "Nimeivaa mpaka mvi," alisema. "Sasa ipate moyo mpya wa kusikiliza."

Mwaka haukwisha. Binti alizimia alipoona damu mara ya kwanza, akazimia mara ya pili, na ya tatu akaandika barua ya kuondoka mwenyewe. Akaenda chuo cha mbali kusomea mambo ya angani. Saa alimwachia mama yake. "Umrudishie Bibi, umwambie nimeshindwa. Umwambie namshukuru."

Mama Mapazia alikusudia kweli. Lakini asubuhi ile Bibi Nesi ndiye aliyetangulia kuchungulia dirishani, naye Mama Mapazia alikuwa anapinda ukingo wa pazia, pini zimejaa mdomoni.

"Vipi dokta wetu, anaendelea vizuri?"

Mwenye pini mdomoni hawezi kueleza. Anaweza kuitikia kwa kichwa tu. Akaitikia.

Uongo mwingine huanza kabla mdomo haujafunguka. Kesho yake pini hazikuwapo, lakini ulimi ulikuwa umeshafungwa. Bibi Nesi akauliza binti yuko wodi gani, akajibiwa wodi ya watoto. Mwaka uliofuata akahamishiwa ya wazazi. Baadaye, Mungu amsamehe, Mama Mapazia akampandisha cheo. Saa ikalala ndani ya kopo la vifungo, chini kabisa, na kila alipotafuta kifungo cheusi vidole vyake viliikwepa kama jipu.

Basi wiki hii binti akaja nyumbani na darubini aliyoazima chuoni kwa kubembeleza. Akaisimamisha juu ya paa la zege, pale wanapoanika nguo, kisha akamwaga kopo la vifungo mezani ili amweleze mama yake. Mama Mapazia aliikamata saa kabla haijaonekana, akaikalia.

Binti aliweka kifungo kikubwa cha koti. "Hili ni jua." Akaweka vingine, mbali na mbali zaidi, mpaka ukingoni mwa meza. "Huku mwisho ni Neptuni. Na huku," akanyanyuka, akaenda kuweka kifungo kidogo cha shati kwenye kizingiti cha mlango, "huku nje, penye giza na baridi, kuna sayari kibete. Yangu haina hata jina. Ina namba."

"Kama mfungwa?"

"Kama mfungwa, Mama. Usiku wa kesho kutwa itapita mbele ya nyota moja. Nyota itazimika kidogo, kisha itawaka. Tukipima kule kuzimika, tunajua ukubwa wake bila kwenda."

"Kama mtu anapopita kati ya taa na pazia," alisema Mama Mapazia. "Wewe uko nje, humwoni, lakini unajua ni mnene."

Binti alicheka, akambusu shavuni. "Hasa! Sasa, hiyo wenzangu wa miji mingine wataipima pia. Mimi nina langu. Nadhani ina mwezi. Mdogo, jiwe tu la barafu. Wakubwa zangu wanasema hakuna. Mimi nimepiga hesabu, na kama upo, kivuli chake kitafuata nyuma kidogo, na hakitapita kwingine ila hapa juu ya paa letu. Nisipoupata usiku huo, sijui kama nitapewa nafasi nyingine maishani."

Ndipo akaomba kitu kimoja. Taa ya Bibi Nesi, ile kali ya ukutani, ilikuwa inaikodolea macho darubini. "Mwombe aizime usiku ule, kwa muda mfupi tu. Ningemwomba mwenyewe, ila umesema hajisikii vizuri, nisimsumbue."

"Nitamwambia," alisema Mama Mapazia.

Hakumwambia. Angemwambiaje? Zima taa, Bibi, dokta wako yuko juu ya paa anatazama barafu? Alifika hadi kwenye mlango wa Bibi, akageuka. Akarudi, akakaa kwenye cherehani, akafanya alichokijua. Akashona pazia zito, jeusi, bitana mara mbili, lenye pete, akapanga kuliteremsha kwa ufito kutoka paani hadi kwenye msumari ulio juu ya ile taa. Alijiona mjanja. Njia ya mwongo ni fupi, lakini yeye alidhani ameirefusha kwa kitambaa.

Usiku wenyewe ulipofika, binti akiwa ameinama kwenye vyombo vyake, Mama Mapazia aliteremsha pazia. Likakaa. Uchochoro ukawa giza tupu.

"Mungu ambariki Bibi," alinong'ona binti. "Amekumbuka."

Nyota ilikuwa karibu kuzimika pete moja ilipochomoka. Pazia likainama upande, likateleza taratibu ukutani, likapita mbele ya dirisha la chumba cha kulala kama mtu mwenye joho anayejishusha kwa kamba. Na Bibi Nesi alikuwa ameibiwa redio mwaka uliopita kwa dirisha hilohilo.

"Mwizi! Jamani, mwizi! Ananijia!"

Mtaa mzima uliwaka. Taa za barazani, za jikoni, tochi za simu. Seremala, jirani wa chini, alipanda ngazi na nyundo mkononi akifuatwa na watu kumi na kelele za watu mia, na miali ya tochi zao ikaingia moja kwa moja kwenye mdomo wa darubini.

"Zimeni!" alipiga kelele binti. "Zimeni, nawaomba! Inapita sasa hivi!"

"Inapita nini?" Seremala alihema. "Mwizi kapita wapi?"

Ikapita. Binti alitazama kioo cha kompyuta, kilikuwa cheupe kama shuka. Hakulia. Alisema polepole, "Bado mwezi. Kama upo, umebakiza dakika chache. Mama, wape sababu. Wape sababu yoyote wazime."

Bibi Nesi alikuwa amefika juu ya ngazi, mkono kifuani, kilemba kimelegea. Alimwona binti, akang'aa uso. "Kumbe dokta wangu umekuja! Mbona hukuniambia? Leo huna zamu?"

Binti akamtazama Bibi, kisha akamtazama mama yake. Uso umeumbwa na haya, na siku hiyo Mama Mapazia aliuhisi wake wote, mpaka masikioni. Sababu yoyote ingetosha. Uongo wa tatu au wa nne ulikuwa tayari ulimini, mtamu, umekaa vizuri. Lakini tochi zilikuwa nyingi, na muda hakuna.

"Hakuna mwizi," alisema. "Ni pazia langu. Nililishusha kuficha taa yako, Bibi, kwa sababu niliona haya kukuomba uizime. Mwanangu si nesi. Aliacha mwaka uleule. Alinituma nikwambie, sikukwambia. Anasomea nyota, na kuna moja anaingoja, na nyie mmemmulika. Nimemmulikisha mimi. Zimeni taa, jamani. Nawaomba."

"Ala!" alisema Seremala. "Na mke wangu juzi alitaka kumpigia simu amuulize juu ya mimba!"

Mtu mmoja alicheka, akanyamaza mwenyewe. Bibi Nesi alifunga kilemba chake, akashuka ngazi moja moja, akishika ukuta. Wote walisikia swichi yake. Taa ikazimika. Kisha Seremala akasema, "Haya, mmesikia, zimeni," na zikafuata nyingine, nyumba kwa nyumba, mpaka mtaa ukawa kama ndani ya mfuko.

Hakuna aliyeona kitu. Kwa macho hakuna cha kuona. Nyota ile ni hafifu mno, na hesabu yote imo kwenye kompyuta. Binti alipokusanya vyombo, alisema neno moja tu ngazini.

"Sikujua kwamba ulinionea haya, Mama."

"Si wewe niliyekuonea—"

Mlango ulikuwa umeshafungwa.

Na ndiyo maana alikuwa sakafuni sasa, chai imepoa kwenye chupa, kopo la vifungo mapajani, saa imerudi humo. Alikuwa ametafuta namna ya kumaliza sentensi ile usiku kucha. Si wewe. Ni mimi, mshona mapazia, niliyetaka kuwa mama wa dokta. Kila alipoipima, ilikuwa fupi upande mmoja.

Kulipoanza kupambazuka mlango ulifunguliwa. Binti alisimama, macho mekundu.

"Upo," alisema.

"Nani?"

"Mwezi. Nyota ilizimika, kidogo sana, kama kupepesa jicho. Ikawaka. Upo, Mama."

Mama Mapazia aliinuka kwa pupa kumkumbatia, vifungo vikamwagika. Binti hakusogea mbele, wala hakurudi nyuma.

"Nimefurahi," alisema. "Na bado nimekasirika. Usiniambie nichague." Aliinama, akaokota saa kati ya vifungo, akaitazama kwa muda. "Hii nayo ilikuwa hapa?"

"Siku zote."

Akaiweka kwenye kiganja cha mama yake. "Habari ya mwezi ni ya Bibi kabla ya kuwa ya mtaa. Taa iliyozimwa ni yake. Nenda. Mimi nitakuja baadaye, kwa miguu yangu."

Mama Mapazia alivuka uchochoro. Pazia lilikuwa bado chini, limelowa umande, na taa ya ukutani haikuwa imewashwa tena. Bibi aliyeogopa wezi alikuwa amelala gizani, kama alilala. Akabisha hodi.

Ndani kandambili zilikuja mpaka mlangoni, zikasimama.

"Shikamoo, Bibi. Ni mimi."

Akaiinua saa usawa wa mlango.

"Nimeleta saa. Na mtoto amekutumia habari. Ameupata mwezi. Bila taa yako kuzimwa asingeupata." Aliona anaropoka, akajikaza. "Sina la kujitetea."

Alisubiri. Seremala alitoka kupiga mswaki, akamwona, akarudi ndani kwa adabu, na adabu ile nayo ilimchoma.

Sauti ikatoka nyuma ya mbao, kavu. "Inatembea?"

Ulimi wa Mama Mapazia ukakimbilia jibu zuri, kwamba aliitunza, kwamba aliitia ufunguo kila Jumapili. Akaushika.

"Imesimama, Bibi. Sikuwahi kuitia ufunguo. Niliogopa kuisikia."

Kandambili hazikuondoka. Naye akasimama palepale, saa kiganjani, uso mbele ya mlango.

Kisha akasikia komeo likivutwa.