Ukurasa wa Mke wa Fundi Saa

Wembe hakupewa jina hilo kwa wema. Walimpa wenzake wa kiwanda cha uchapaji, watu wa mashine na watu wa kukunja karatasi, kwa sababu alikuwa na ulimi wa kukata na kalamu nyekundu ya kukatia. Kazi yake ilikuwa kusahihisha prufu, yaani zile karatasi za majaribio kabla kitabu chenyewe hakijachapwa. Katika miaka yote ya kazi hiyo alikuwa amesoma vitabu vingi kuliko walimu wa mji mzima, na kupenda vichache mno.

"Watu wanaandika kama wanatapika," alikuwa akisema, "na mimi ndiye mwenye ndoo."

Basi mji ulipochafuka, askari barabarani, vijana barabarani, matairi yanaungua, maduka yamefungwa na umeme unakuja unapojisikia, ndipo kikaletwa kitabu kiitwacho *Furaha Haijafungwa*. Mwandishi wake, ambaye kiwandani kila mtu alimwita Mheshimiwa huku akiinama kidogo, alikuwa ameeleza jinsi watu wa kawaida wanavyopata raha ndogo ndogo wakati dunia imepinduka: harufu ya sabuni, kikombe cha chai, mama anayeimba akiwa kwenye foleni ya maji. Mwenyewe alikaa nyuma ya ukuta mrefu wenye jenereta. Vurugu zilipopamba moto alipanda ndege, akaenda kwa shemeji yake nje ya nchi, akamalizia dibaji huko.

"Foleni ya maji anaijulia wapi yule?" Wembe aliuliza. "Labda aliiona akiwa kwenye gari, kioo kimepandishwa."

Prufu husahihishwa na watu wawili. Mmoja hushika mswada wa mwandishi na kuusoma kwa sauti, neno kwa neno, hata alama: nukta, mkato, fungua usemi, funga usemi, aya mpya. Mwingine hufuata kwenye prufu akiwa na kalamu. Neno lililosikika lakini halimo kwenye prufu, huliandika pembeni, maana yake mpangaji wa herufi amelisahau. Mwenye kalamu hautazami mswada, analiamini sikio lake. Mwenzake Wembe wa kusoma alikuwa amekimbilia kwa wazazi wake, na mtaa wa kiwanda ulikuwa umezibwa, kwa hiyo meneja akamtumia Wembe kazi nyumbani pamoja na onyo.

"Mheshimiwa hataki neno lake liguswe," alimwambia kwenye simu. "Likipungua au likizidi, huna kazi."

Haukuwa utani. Msahihishaji aliyemtangulia Wembe alifukuzwa kwa mstari mmoja uliopotea. Na nyumbani kwa Wembe hapakuwa na mshahara mwingine.

Palikuwa na mume. Mumewe alikuwa fundi lifti, na fundi lifti katika mji usio na umeme ni pambo tu la nyumba. Maghorofa yalifungwa, mwajiri wake akatoweka, naye akahamia kwenye kiti cha dirishani, akawa anatazama barabara kutwa. Watoto walikuwa wameshapata nyumba zao, mbali. Wembe alimdharau mume huyu kwa moyo wake wote, au ndivyo alivyodhani. Alimwita mzigo, alimwita kabati, na siku za hasira alimwita abiria. Kifuniko cha chupa ya mafuta kikikaza alimsukumia chupa bila kusema kitu, naye alikifungua bila kusema kitu.

"Unaweza kusoma kwa sauti?" alimwuliza.

"Nilikuwa nawasomea wenzangu gazeti. Tukikwama ndani ya lifti."

"Basi soma. Na mbwembwe sitaki. Neno na alama yake, basi."

Wakaanza, asubuhi kwa asubuhi, mezani palepale penye vitunguu na sahani. Mume alisoma vizuri, jambo lililomuudhi mkewe. Kilichomuudhi zaidi ni kwamba alikifurahia kitabu. Alicheka peke yake, akatikisa kichwa.

"Hii ya sabuni nzuri, mama watoto."

"Nzuri kwa nani? Anayenusa sabuni hajawahi kufua. Soma!"

Siku moja risasi zikalia karibu, upande wa soko. Mume alikuwa ameshika kurasa mkononi, akainuka kwenda kuchungulia. Wembe hakuacha kumenya vitunguu.

"Toka hapo dirishani! Unataka kufa na mswada wa watu?"

Akatoka. Kesho yake wakaendelea na kazi. Walipofika katikati ya kitabu, mume akakohoa, kisha akasoma polepole kuliko kawaida.

"Aya mpya. Risasi zilipolia, mkato, mke wa fundi saa aliendelea kumenya vitunguu, nukta. Fungua usemi. Toka hapo dirishani, mkato, pumbavu wewe, nukta. Ukifa nani atanifungulia makopo, alama ya kuuliza. Funga usemi. Fundi saa alikuwa hajaambiwa neno tamu tangu arusi, nukta. Lakini alimjua mkewe kama anavyojua saa, mkato, kwa mlio, nukta. Alitoka dirishani akakaa karibu na vitunguu, mkato, machozi yakamtoka, mkato, na hakuwahi kuwa na raha kama ile, nukta."

Kalamu ya Wembe ilisimama.

"Hayo hayamo huku. Rudia."

Mume akarudia. Wembe akayaandika yote pembeni mwa prufu, kwa mwandiko wake mzuri wa kazi, huku akimlaani mpangaji wa herufi. Kitabu kizima cha kuchekeana na vikombe, kisha panatokea mahali penye binadamu, na mjinga yule anaparuka!

"Angalau hapa Mheshimiwa amekutana na mwanamke," alisema. "Sijui alimtoa wapi."

"Sijui," alisema mumewe, akageuza ukurasa.

Wembe ndiye mtu aliyeweza kusikia mkato uliokosekana katika sentensi ya mtu mwingine. Sauti yake mwenyewe ilikuwa inampita tu.

Kitabu kikachapwa, barabara zilipofunguka kidogo, na kikagombaniwa. Watu waliolala njaa walikinunua ili waambiwe kwamba wana raha. Ukurasa wa fundi saa ukasomwa redioni. Kwenye foleni ya maji wanawake wakaanza kutaniana, "Haya, mke wa fundi saa, sogea." Wembe alisikia, akabetua mdomo, lakini hakuwapinga. Ukurasa wa maana ulikuwa mmoja tu katika kitabu hicho, na ulikuwa huo.

Kisha meneja akampigia simu. Mheshimiwa amerudi, anataka kumwona aliyesahihisha ukurasa wa fundi saa, tena aje na mswada.

Wembe akautoa mswada chini ya kitanda, na kwa mara ya kwanza akautazama kwa macho yake. Sabuni ilikuwamo. Chai ilikuwamo, na yule mama mwimbaji wa foleni. Fundi saa hakuwamo. Akafunua mbele, akafunua nyuma. Mumewe alikuwa ametoka kwenda kuchota maji. Kazi imekwenda, Wembe aliwaza, imekwenda kwa ujinga wa abiria niliyempakia mwenyewe.

Mheshimiwa alikuwa amekaa kwenye kiti cha meneja, na meneja amesimama. Shati lilikuwa limepigwa pasi mpaka likasimama lenyewe. Katika mji ule, mwaka ule, pasi ya namna hiyo ilikuwa tusi.

"Ndiwe wewe?" alisema, akitabasamu. "Kila ninapokwenda wananisimamisha kwa ukurasa huu. Unajua, nilikuwa nimesahau kabisa kwamba niliuandika. Mwandishi akizama, mkono huandika wenyewe."

Alisema hivyo bila kupepesa jicho. Kisha akanyoosha mkono, akapokea mswada, akautia kwenye mkoba wake na kufunga zipu.

"Nimekuja kukushukuru kwa kutoruka kitu," alisema.

Wembe akaelewa. Mswada ulikuwa mmoja, ushahidi pekee kwamba hakuuandika ukurasa ule, na sasa ulikuwa mkobani. Alikuwa amewadharau watu wengi katika maisha yake, lakini sikuzote dharau ilibaki ya kutosha kwa mwingine. Huyu aliimaliza yote. Maneno yalimjaa mdomoni hadi yakamwasha. Akamtazama meneja, akaukumbuka mshahara.

"Ni kazi yetu, Mheshimiwa," alisema.

Nyumbani alimkuta mumewe palepale dirishani. Akamtupia kitabu mapajani.

"Kwa nini?"

Mume hakujifanya haelewi. "Nilichoka na sabuni," alisema. "Watu wote mle ndani wana raha, na hakuna hata mmoja anayegombezwa. Nikasema raha gani hiyo? Nikatia yetu. Nilidhani utaistukia palepale uikate. Wewe hukosi."

"Yetu?"

"Ningesema fundi lifti ungenijua. Ndiyo maana nikasema fundi saa."

Wembe alisimama na mkoba begani. Mwanamke yule aliyemwandika kwa mkono wake mwenyewe, mtu pekee katika kitabu kizima ambaye Wembe hakumcheka, kumbe alikuwa yeye mwenyewe! Akatafuta tusi la kumtupia mumewe. Hakulipata, akaona aibu, na aibu ikamtia hasira.

"Ungenifukuzisha kazi! Na yule mwizi kauchukua ukurasa, eti mkono uliandika wenyewe. Kafunga zipu hivi, mbele yangu, nami nikamwitikia Mheshimiwa!" Machozi yalikuwa yakimtoka, naye hakuyafuta. "Ni wako, na kauchukua!"

"Mwache," alisema mumewe. "Yule ana ukuta na jenereta. Hana hata mtu wa kumwambia atoke dirishani."

Chini, lori la askari likakunja kona kwa kasi, na watu wakaanza kukimbia. Mume akageuza shingo kutazama, kama ilivyokuwa desturi yake.

"Toka hapo, pumbavu wewe," Wembe alisema, na kwa mara ya kwanza akaisikia sauti yake mwenyewe.

Mume akatoka, akaja kukaa mezani. Wembe akamsukumia chupa ya mafuta, naye akaifungua, ingawa siku hiyo kifuniko hakikuwa kimekaza.