Siku Nyongeza Iliporudishwa Mezani

Ukikivunja kikonyo cha nyanya, hutoa harufu kali yenye uchungu kidogo, tofauti kabisa na ya nyanya yenyewe, na hukaa vidoleni hata baada ya sabuni. Harufu hiyo niliikuta mahali nisipoitarajia: katika mgahawa, kwenye nchi ya baridi nilikokwenda kusomea shahada ya uzamili. Sahani yangu ilikuwa imepambwa kwa nyanya ndogondogo zikiwa bado na vikonyo vyake. Nilivunja kimoja, nikanusa, nikala, nikalipa bei iliyoandikwa bila kupunguza hata senti, kisha nikatoka. Sikuwa nimefika pembeni mwa jengo lile mhudumu aliponifuata mbio, aproni ikimpepea magotini, akaniuliza kwa adabu iliyochanganyika na maumivu kama kuna jambo lolote alilonikosea.

Mbio zile nilizifahamu. Niliwahi kumwona mtu akimkimbilia mteja namna ile, akiwa na uso wa namna ile ile, na mtu huyo alikuwa mama yangu.

Tuliishi Ilula, kando ya barabara kuu, ambako karibu kila familia ina shamba la nyanya nyuma ya nyumba na meza ya kuuzia mbele yake. Mabasi na malori yaendayo Iringa, Mbeya na mpaka Tunduma hupita hapo, na wasafiri hushuka kunyoosha miguu na kununua. Mama aliuza kwa sado, yaani kile kindoo cha plastiki ambacho zamani kilikuwa cha rangi. Aliijaza sado mpaka nyanya zikafanya kilima, mteja akalipa, na hapo ndipo lilipokuja jambo ambalo mimi, kwa akili yangu ya utoto, nililiona kuwa ndiyo biashara yenyewe. Mama alichagua nyanya nyingine, tena si za kutupwa bali zile ngumu zinazong'aa, akaziweka juu ya kilima kwa mikono miwili. Hiyo ndiyo nyongeza. Haikuombwa wala haikuwa na bei. Wapo madereva waliozipita meza zote kwa sababu ya mkono wa mama wa nyongeza, na jambo hilo lilimkera sana jirani yetu wa meza ya pili, Mama Skola, ambaye ulimi wake ulikuwa mkali kuliko vitunguu alivyoviuza.

Mwaka ninaousimulia nilikuwa nimechaguliwa kwenda sekondari ya bweni huko milimani, na nilitakiwa kuripoti Jumatatu. Vitu vyote vilikuwa tayari isipokuwa sweta. Tulikuwa tumeshaambiwa kwamba mwanafunzi asiyekuwa na sweta atarudishwa kutoka getini, maana baridi ya kule haina mzaha. Nyanya nazo zilikuwa zimefurika msimu ule, kila meza nyekundu, wanunuzi wachache. Mama aliniambia asubuhi ya Jumamosi, "Resti, tukiimaliza meza hii leo, kesho baada ya misa tunakwenda mitumbani Iringa." Nikaitazama meza. Ilikuwa kama mlima.

Mchana likasimama gari dogo la kukodi. Alishuka mama mmoja wa kizungu, mzee, mwenye nywele nyeupe zilizokatwa fupi, pamoja na dereva wake, kijana Mtanzania. Walikuwa wakielekea Mbeya, ambako binti wa yule mama alikuwa akifundisha. Alichagua meza yetu. Mama akampimia sado moja, akaimimina katika mfuko wake, kisha, kama ilivyo ada, akaongeza nyanya juu.

Yule mgeni akazitazama. Akatabasamu, akatikisa kichwa, akazitoa mfukoni moja baada ya nyingine na kuzirudisha mezani.

Meza zote zilikuwa zimeona. Nilikuwa sijawahi kushuhudia nyongeza ikirudishwa; ilikuwa kana kwamba mtu amepewa mkono wa salamu akauondoa.

"Mama Resti!" Mama Skola akapaza sauti. "Nyanya zako leo zina nini? Mpaka nyongeza inakataliwa!"

Mgeni akamwekea noti kiganjani, tena noti kubwa, akaikunja mikono ya mama juu yake, akapunga na kuingia garini. Gari likaanza kuondoka. Mama alipofungua kiganja akaona kwamba chenji ya kurudisha ilizidi mno bei ya sado moja.

"Hee! Sasa umeshakuwa mtu wa kutupiwa hela barabarani," alisema Mama Skola, na safari hii wengine wakacheka.

Ndipo mama alipokimbia. Kitenge kimeshikwa kwa mkono mmoja, noti imeinuliwa kwa mkono mwingine, alikimbia pembeni mwa lami akiita, nami nikakimbia nyuma yake nikiwa na ombi moja tu moyoni: gari lisisimame. Kwa sababu sweta langu lilikuwa katika kile kiganja.

Gari likasimama.

"Kamwene, mwanangu," mama alimsalimia dereva huku akihema. "Mwambie mama huyu amesahau chenji yake."

"Kamwene, mama. Hajasahau. Hiyo ni yako, ya chai."

"Chai nimeshakunywa."

Dereva akacheka, kisha akaona kwamba mama hatanii. "Mama, kwao ndiyo heshima. Mtu akikuhudumia vizuri, unamwachia kitu juu ya bei."

"Anayenunua ndiye anayeongeza?"

"Ndiye."

"Na anayeuza anaongeza nini?"

"Haongezi kitu, mama."

"Hata kidogo?"

"Hata kidogo."

Mama akamtazama yule mzee aliyekuwa amechungulia dirishani kwa wasiwasi, akijiuliza bila shaka amekosea wapi. Nilitarajia kuona hasira. Nilichokiona kilikuwa huruma, huruma kubwa, kama ya mtu aliyeambiwa kwamba kuna watu wamekulia mahali ambapo mvua haijawahi kunyesha.

"Masikini wa Mungu," alisema taratibu. "Rudisha gari. Fungua buti."

Mpaka leo sijui dereva alimtafsiria nini, ila gari lilirudi kinyumenyume mpaka mezani. Mama hakurudisha noti, wala hakuipokea bure. Alipima. Sado baada ya sado, kila moja na kilima chake, akazimimina ndani ya buti, huku mgeni akisema maneno tusiyoyaelewa na kuinua mikono, na dereva akilalamika kwamba matairi ni ya kwake si ya serikali. Mlima wangu ukapungua, ukawa kilima, ukawa nyanya chache zinazobingirika, na mwisho nikaona mbao za meza. Nilishusha pumzi. Sweta limepatikana, nikasema moyoni. Yameisha.

Hayakuwa yameisha. Mama alisimama mbele ya meza tupu akiwa amenyong'onyea.

"Nyongeza yake iko wapi?" alijiuliza.

Mauzo makubwa vile, na hakuwa na nyanya hata moja ya kuweka juu. Akageuka, na nikashuhudia alichokuwa hajawahi kukifanya machoni pangu: akaenda meza ya pili. "Mama Skola, naomba vitunguu. Nitakulipa sasa hivi hapa hapa."

Mama Skola akamtazama kuanzia miguuni hadi kichwani. Nikajua sasa utatoka ule ulimi.

"Nyongeza inauzwa tangu lini?" alisema. Akajaza vitunguu kwenye upande wa kanga yake, akaenda mwenyewe garini akavimwaga. Nyuma yake akaja wa karoti, wa pilipili hoho, na bibi wa mwisho wa mstari, ambaye hakuwa na kitu zaidi ya kabichi, akaibeba kabichi kama mtoto. Hakuna aliyeitwa. Wanawake waliokuwa wakigombea kila dirisha la basi walipanga foleni kumwongezea mtu ambaye hakuwa mteja wao.

Mgeni akafungua mkoba. Dereva akamgusa kiwiko na kumnong'oneza. Akaufunga. Akaitwaa ile kabichi kwa mikono miwili, kama alivyopewa, akaikumbatia kifuani, na hakuirudisha. Ndipo mama alipocheka, kwa mara ya kwanza tangu mchana.

"Kamwambie binti yake," alimwagiza dereva, "asinunue mboga mpaka Pasaka."

Sweta lilikuwa la kijani, lenye kiwiko kilichotiwa kiraka, na lilinisitiri miaka yote minne. Nilipokuwa nikilivaa nilidhani nimeelewa kilichotokea: kwamba mama aliikataa sadaka. Ilinibidi nifike mbali, nifuatwe na mhudumu yule barabarani, ndipo nielewe kwamba haikuwa sadaka, na kwamba yule mzee naye siku ile alikuwa akijaribu kusema jambo lile lile alilolisema mama kwa zile nyanya alizorudishiwa: sisi si watu wa kumalizana na kuachana hivi hivi. Kila mmoja alikuwa amelisema kwa mkono wake, na kila mmoja alikuwa ameachwa kiganja kikiwa hewani. Na mhudumu yule, niliambiwa baadaye, ile hela ambayo wateja huacha juu ya bei ndiyo iliyokuwa sehemu kubwa ya ujira wake.

Mwezi uliopita, nikiwa nimeketi Ilula karibu na mama, ambaye sasa anauza kwa kuketi tu, nilimsimulia habari za mhudumu huyo. Alisikiliza huku akizipanga nyanya.

"Ulimrudia?"

"Nilirudi naye mpaka ndani, mama. Nikamwomba radhi, nikampa."

"Ulimpa nini?"

"Hela."

Mikono yake ikasimama juu ya meza. Akanitazama kwa huruma ile ile aliyokuwa nayo kando ya lami, miaka mingi iliyopita.

"Hela tupu?"