Gauni la Msichana wa Katuni

Juzi nilipita Soweto, hapa Moshi, muuza karanga akanifungia karanga zangu katika ukurasa wa jarida la zamani la katuni, zile za nyeusi na nyeupe. Ndugu yangu, nilisimama palepale barabarani nikausoma mpaka mwisho.

Mimi na dada yangu tulilelewa na bibi huko mlimani, katikati ya migomba na kahawa. Mwenye majarida kama hayo alikuwa jirani yetu, mwalimu mstaafu, mtu mkali asiyecheka ovyo. Kila Jumapili baada ya ibada alituazima jarida moja, tukalirudisha Jumapili iliyofuata. Jioni, tukishakata majani ya ng'ombe, tulikaa jikoni mtori wa ndizi ukichemka, dada akimsomea bibi kwa sauti.

Ugomvi wetu ulikuwa rangi. Hadithi moja ilimhusu msichana aliyemtafuta kaka yake kwenye mvua, na gauni lake tulilibishania wiki nzima. Dada alisema jekundu. Mimi nilisema la kijani. Bibi, mwiko mkononi, akasema, "Kwa uso ule wa huzuni? Huyo kavaa zambarau. Ni rangi ya Kwaresma."

Jumamosi dada akaamua kumaliza ubishi. Alichuma maua mekundu ya uzioni akayasugua juu ya lile gauni, ukurasa hadi ukurasa. Bibi alipoona alishika kichwa. "Hicho ni kitu cha watu. Utakipeleka mwenyewe."

Nilimsindikiza. Mwalimu alifunua kurasa bila kuitikia shikamoo zetu.

"Nani kapaka?"

"Ni mimi, mwalimu."

Tulingoja fimbo. Yeye akapitisha kidole juu ya gauni, akasema taratibu, "Mimi miaka yote nilimwona kavaa njano."

"Njano?" dada akauliza. "Na matope yote yale?"

Mwalimu akacheka. Akatuingiza ndani tunywe chai, wakabishana mpaka bibi akaja kututafuta, naye akaketi kuitetea zambarau yake. Tangu hapo tuliazimwa majarida mawili mawili, kwa sharti kwamba tusipake kitu.

Bibi na mwalimu wametutoka, na jarida lile halichapwi tena. Wanangu husoma katuni kwenye simu, zinang'aa kama dirisha la kanisa, na ni nzuri kwelikweli. Wanasoma kimya, kila mmoja na simu yake, na hakuna anayebishana.