Wivu Ulionifuata kwa Baiskeli Hadi kwa Cucu

Mwanangu, hebu weka hiyo simu chini unisikilize. Tangu uingie hapa jikoni imelia mpaka chai yako imepoa, na kila ikilia unatabasamu. "Ni yeye, Tata. Anataka nimtumie picha aone niko wapi na niko na nani." Unaniambia hivyo kwa maringo, shingo upande, kama mtu aliyetuzwa. Sikucheki. Mimi shangazi yako pia nilikuwa na shingo kama hiyo. Ndiyo maana leo umenikumbusha siku moja ya ujana wangu, ambayo wivu wa mwanamume ulinifuata kutoka Kangemi hadi nyumbani kwa nyanya yangu, nami nikaona raha.

Ilikuwa miaka ile ya elfu mbili na kidogo, simu zikiwa za mulika mwizi, zile ndogo zenye tochi, na kubip, kupiga na kukata kabla haijashikwa, ndiyo ilikuwa salamu ya wapendanao. Kazi yangu ilikuwa kuongoza wageni kwa baiskeli kutwa nzima. Asubuhi tulitoka Ngara, mahali baiskeli zilipolazwa, tukapita Westlands, tukasimama sokoni Kangemi, halafu tukapanda vijia vya udongo mwekundu huko juu karibu na Gitaru, katikati ya sukumawiki na kahawa. Chakula cha mchana kilikuwa kwa nyanya yangu mzaa mama, ambaye sisi sote tulimwita Cucu. Jioni tulirudi kwa njia ya Dagoretti na Ngong Road, tukipita Woodley, hadi mjini, mapaja yakiwaka moto. Mimi nilikuwa mbele nikieleza mambo, na mwenzangu Oloo alikuwa nyuma kuangalia asiachwe mtu.

Wageni walipapenda kwa Cucu kupita kiasi. Hakuwa mtu wa kukuacha ukae bure. Ukiingia jikoni kwake unapewa kisu, au mwiko, au ule mti mzito wa kupondea mukimo, viazi na mahindi yetu ya kupondwa, uwe daktari uwe nani. Nimeona mabwana wakubwa wa ng'ambo wakitokwa jasho pale huku yeye akiwaambia hawajaponda bado.

Sasa, kulikuwa na Barasa. Alikuwa fundi wa baiskeli pale Kangemi, kijana wa Bungoma, mwenye sauti ya upole na sura, mwanangu, hata usiniulize. Tulikuwa tumekubaliana kuoana. Mwezi uliofuata wazee wake walikuwa waje kujulikana kwetu, na kwetu ni kwa Cucu, kwa sababu ndiye aliyenilea baada ya mama kufariki. Yeye akimkataa, basi. Na desturi yetu unaijua: mchumba haendi kwa kina msichana peke yake kabla wazee wake hawajafika. Akienda, amejidharau, na amemdharau msichana pia.

Wivu tulikuwa nao sote wawili, nisikudanganye. Nikipita kwenye kibanda chake nikute msichana ameleta baiskeli ya kaka yake itiwe upepo, siku hiyo simsalimii. Pancha gani hiyo ya kila Jumanne? Yeye naye alitaka habari za kila mgeni. Nani alikuwa nyuma yangu, aliniambia nini, mbona nilichelewa. Nilikuwa namjibu nusu nusu makusudi ili aulize tena. Nilipenda aulize. Nilidhani siku akinyamaza ndiyo mapenzi yameisha.

Siku hiyo nilikuwa na Mjerumani mmoja mrefu, Jonas, aliyetaka kujua kila kitu kinaitwaje kwa Kiswahili. Anakosea, nacheka, naye anacheka. Tukiwa tumesimama sokoni Kangemi nikatupa jicho nyuma ya magunia ya kabichi, na nani ninayemwona? Barasa! Amejikunja na blakmamba yake, zile baiskeli nzito nyeusi za kubebea mizigo, anadhani magunia yamemficha, na kichwa chote kiko nje.

Unafikiri nilikasirika? Wapi! Nilijiona malkia. Kibanda amefunga, wateja amewaacha, kwa ajili yangu mimi Wairimu. Basi nikamsogelea Jonas, nikamfungulia ule mkanda wa kofia chini ya kidevu, nikamfungia upya polepole, ingawa ulikuwa umefungwa vizuri tu. Nyuma ya magunia kabichi moja ikaanguka ikabingirika mpaka njiani.

Kupanda kote kule alikuwa nyuma yetu. Tukisimama, anasimama. Tukianza, naye anaanza, na blakmamba haina gia, kwa hivyo nilijua anavyoteseka. Oloo akanifikia kando ya shamba la kahawa.

"Wairimu, si huyo ni fundi wako? Anatufuata tangu Kangemi."

"Mwache afanye mazoezi," nikasema, na moyoni nilikuwa nacheza.

"Mimi sipendi hii mambo," Oloo akasema, akarudi nyuma. Nikamwona mtu asiyejua kupendwa.

Tulipofika kwa Cucu wageni wakanawa mikono, wakakaa kwenye nyasi. Mara mbwa akaanza kubweka kule kwenye napia, majani ya ng'ombe. Cucu akachukua panga lake akaenda kuangalia. Sauti yake ikasikika mpaka uani.

"Wewe! Unatafuta nini kwa majani ya ng'ombe yangu?"

"Nimepotea njia, Cucu."

"Umepotea njia na uko katikati ya shamba? Toka hapo. Ingia ndani uponde mukimo."

Hivyo ndivyo mchumba wangu alivyoingia kwetu, mwanangu. Bila wazee wake, bila hata kilo ya sukari mkononi, nywele zimejaa majani, akisukuma baiskeli mbele ya wageni wa watu. Nilipaswa kuona aibu hadi ardhi inimeze. Mimi nikaziba mdomo nisicheke.

Cucu akanigeukia. "Unamjua huyu?"

"Ndiyo, Cucu. Ndiye Barasa."

Akamtazama kutoka kichwani hadi kwenye viatu. Akampa ule mti wa kupondea.

Basi akaponda. Na Barasa alikuwa na mikono, nyama nyama hivi, ya mtu wa kukaza nati kutwa. Mama mmoja wa wageni, mwenye nywele za manjano, akaja akataka kufundishwa. Akaushika mti pamoja naye, mikono yake juu ya mikono ya Barasa, wanaponda wote wawili huku wanacheka. Aisee, damu ilinipanda! Nilitamani kuimwaga ile sufuria na viazi vyake. Barasa akanitupia jicho kuona kama nimeona, na alipoona nimeona, akazidi kumwelekeza. Nami nikabeba sahani, nikaenda kumketisha Jonas karibu nami kabisa. Tulikuwa watu wazima wawili, tumeacha chakula tunalishana sumu. Na Cucu alikuwa ameketi kwenye kigoda chake akituona wote.

Wakati wa kuondoka, baiskeli yangu ilikuwa imekaa chini. Gurudumu la mbele halina upepo hata kidogo. Oloo akainama akaangalia, akasema hii si pancha, valvu yenyewe haiko, ile kitu ndogo inayozuia upepo usitoke. Mtu ameifungua akaitoa. Nikamtazama Barasa. Mkono wake ulikuwa mfukoni.

"Barasa, rudisha."

"Kaa na Cucu leo," akaniambia kwa ile sauti yake ya upole. "Wacha Oloo apeleke hao watu. Jioni nitakutengenezea, nikupeleke nyumbani mwenyewe. Huyo mrefu amekuangalia vya kutosha."

Na mimi nikacheka, mwanangu! Nikageuka nimwambie Oloo awapeleke peke yake, na Oloo alikuwa hajui hata nusu ya maneno ya kuwaeleza. Nilikuwa tayari kuiacha kazi yangu pale kwenye nyasi kwa sababu mwanamume amenitolea upepo, na roho yangu ilikuwa tamu kama ya mtu aliyeletewa zawadi.

Cucu akanishika kiwiko. Akanivuta hadi kando ya zizi.

"Unacheka nini, Wairimu?"

"Ni wivu tu, Cucu. Ananipenda sana."

"Huyu hakuja kukuona. Amekuja kukuchunga. Mimi nimechunga mbuzi tangu nikiwa mtoto, najua kuchunga kunakaa aje. Mbuzi akienda mbali, unamfunga mguu." Akaelekeza kidole kwenye gurudumu langu. "Si ndiyo hiyo amefunga? Na wewe unamshukuru."

Nikataka kujibu. Akaninyamazisha kwa mkono.

"Na usijifanye mzuri. Nimekuona ukienda kukaa na yule mzungu ili huyu aumie. Unamchoma, halafu unaota moto. Sasa niambie, leo ametoa upepo na umecheka. Siku akitoa kazi yote, utacheka? Akikuambia usije hapa kwangu, utacheka?"

Maneno hayo aliyasema polepole, bila kupaza sauti, nikaona macho yake yamelengwa na machozi. Cucu alikuwa amefiwa na watoto, amekosa mvua, ameuza ng'ombe nikasoma, na sikuwa nimewahi kumwona hivyo. Kicheko kikanikauka.

Penye lango kulikuwa na baiskeli ya muuza maziwa, jirani yake, ambaye kila mchana alipitia kwake kula. Ilikuwa blakmamba pia, na keria kubwa nyuma. Cucu akaisukuma mwenyewe akaniletea.

"Chukua hii. Mwenyewe atangoja, chakula ni kingi. Wageni ni wako, wapeleke."

Nikaipanda. Ilikuwa nzito, ina harufu ya maziwa yaliyoganda, na breki zilikuwa za kuomba Mungu. Wageni wakapiga makofi, wakidhani ni sehemu ya matembezi. Barasa akarukia yake akanifikia, akawa anaendesha sambamba nami, anasema kwa sauti ya chini.

"Wairimu, simama tuongee. Nikikosa kuona wivu ujue sikupendi. Unataka mtu hajali?"

Nilitaka kusimama. Sitaki kukuficha hilo. Miguu yangu ilikuwa inapiga pedali na moyo wangu ulikuwa umeshashuka uko kando ya barabara naye. Lakini nyuma yangu kulikuwa na watu walioniamini niwafikishe, na magari ya Dagoretti hayana huruma. Nikamwambia, "Nipe valvu yangu." Akasema, "Simama kwanza." Nikaendelea. Kwenye mlima wa pili alibaki nyuma, na sikugeuka.

Wiki hiyo nikamwambia asiwalete wazee wake. Alilia, nami nikalia. Usidhani nilipona siku hiyo, kwa sababu nilikuwa bado nampenda. Mwaka uliofuata nikasikia ameoa msichana mmoja wa hapo hapo Kangemi, aliyekuwa na saluni yake nzuri na wateja tele. Mwanangu, nilimwonea wivu msichana yule hadi nikakosa usingizi! Nilijiambia, huyo sasa ndiye anayefuatwa, huyo ndiye anayefungiwa kibanda. Nilimlaumu Cucu kimoyomoyo, na kwa siku nyingi nikawa nafika kwake na wageni tu, siendi kumwona yeye mwenyewe.

Halafu siku moja, tukiwa Kangemi na wageni, nikapita ile njia ya kibandani niliyokuwa naiepuka. Saluni ilikuwa na kufuli. Yule msichana alikuwa ameketi kwenye kijistuli ndani ya kibanda cha Barasa, karibu na ukuta, mikono mapajani, hana cha kufanya. Barasa alikuwa ameinamia gurudumu. Nikamsalimia msichana tu, salamu ya kawaida, "Sasa, mambo?"

Hakunijibu. Alimtazama Barasa kwanza, aone kama anaruhusiwa.

Wivu wangu wote uliishia hapo. Siku hiyo sikuongoza vizuri, na tulipofika kwa Cucu nikaingia jikoni nikamkumbatia mbele ya wageni, akaniambia nimwachilie, viazi vinaungua.

Kwa hivyo sikuambii umwache huyo kijana wako. Simjui, na wivu kidogo kila mtu anao, hata mimi ninao mpaka leo, muulize mjomba wako, mume wangu. Ninachokuambia ni hiki: usiuhesabu wivu kama mapenzi, na usiuchokoze ili ujione unapendwa. Mtu akikuuliza umefika salama, mjibu kwa furaha. Akikuuliza uko na nani kabla hajakuuliza hali, jiulize anakupenda ama anakuchunga. Na ukijikuta unamwangalia yeye kwanza kabla ya kuitikia salamu ya mtu, mwanangu, njoo hapa kwangu hata kama ni usiku, mlango huu haufungwi kwako.

Mungu akupe mtu wa kukufurahia ukienda na kukufurahia ukirudi. Akupe kazi ya mikono yako na miguu ya kuifikia. Haya, simu inalia tena. Kunywa chai kwanza.