Makofi Ambayo Mama Hakuyaomba

Mtu akiunguza kahawa karibu nami, narudi mara moja Makiso, mtaa mmoja wa mji wa Kisangani. Studio ya televisheni alimofanya kazi mama yangu ilikuwa zamani depo ya kahawa. Walikuja kuipaka rangi na kutundika mapazia, lakini unga wa kahawa ulibaki kwenye nyufa za dari. Taa kubwa zilipowashwa, joto liliufikia, na harufu ya kuungua ikatushukia vichwani polepole, kana kwamba kuna mtu huko juu amesahau sufuria motoni. Nilikuwa na miaka tisa hivi, na kwangu hiyo ndiyo ilikuwa harufu ya Jumapili.

Mama yangu anaitwa Béatrice, Mama Béa kwa wote. Uso wake haukuwahi kuonekana kwenye televisheni, ingawa alikuwa ndani ya kila kipindi. Kazi yake ilikuwa watu. Wale unaowaona wamekaa kwenye mabenchi studioni, wanaocheka na kupiga makofi, hawaoti pale kama uyoga. Kuna mtu amewatafuta, akawaleta, akawapanga. Kwetu Kisangani mtu huyo alikuwa yeye. Katikati ya wiki alizunguka sokoni na kwenye vituo vya toleka, zile baiskeli za abiria, akichagua nyuso. Nguo nyeupe alizikataa kwa kuwa zinaumiza kamera. Wapenda kusinzia aliwaficha nyuma ya mama mwenye kilemba kikubwa. Papa Losala, dereva wa toleka ambaye kicheko chake kiliambukiza kama miayo, alikaa katikati kabisa. Mimi nilikaa mstari wa mbele, kwa sababu mtoto, alisema Mama, anafanya picha ipate joto.

Kabla ya kipindi alisimama chini ya kamera na kuwafundisha.

"Mukono yangu ikipanda, munapiga. Ikishuka, mikono kwa magoti. Na mupige vizuri, kama vile ni ndoa ya mutoto yenu."

Kisha alisimulia kisa cha mkwe wake na jogoo, kisa kilekile kila Jumapili, na Papa Losala akaanza kucheka, na ukumbi mzima ukamfuata. Nilikuwa nikimwangalia nikidhani hakuna mtu Kisangani mwenye nguvu kuliko mama yangu. Mkono mmoja tu, na watu wazima wananyamaza.

Mwaka ule chombo kimoja kilizama. Kilikuwa baleinière, mashua kubwa ya mbao yenye injini, kikipanda kutoka Yanonge kuja mjini na magunia ya makaa na mchele na watu juu ya magunia. Wengi hawakupatikana. Kwa muda mrefu mji ulizungumza kwa sauti ya chini, na mwenye chombo, tajiri ambaye kila mtu alimwita Patron, hakuonekana popote. Halafu tukasikia kwamba atakuja studioni kujieleza, moja kwa moja hewani. Mtangazaji wetu, tonton Gaby, yaani mjomba Gaby, akamwagiza Mama alete ndugu za waliokufa.

Mama alishuka Yanonge, akarudi na mwanamke mmoja tu. Wengine waliogopa. Huyo aliitwa Mama Botuli, na mto ulikuwa umemchukulia mume wake na binti yake wa kwanza, Annie. Yeye alinusurika kwa sababu alibaki bandarini. Alilala kwetu Jumamosi. Jioni alinikalisha kati ya magoti yake, akafumua nywele zangu na kuzisuka upya, ingawa zilikuwa zimesukwa juzi tu. Vidole vyake havikutulia.

"Batanipatia micro?" alimuuliza Mama, maana yake maikrofoni.

"Batakupatia. Mimi mwenyewe nitakuletea."

"Niko na neno moja tu. Niliona chombo imejaa sana. Nikaambia ule mwenye kukatisha billets, shusha batu. Akanijibu ni ordre ya Patron."

Mkata tiketi, basi, alikuwa na amri ya Patron. Mama alikwenda kukagua kama mlango umefungwa.

Kesho yake tulipofika studioni, tulikuta nusu ya mabenchi imejaa. Wanaume tu, mashati ya mirabamiraba, mapya, bado yana mikunjo ya dukani. Walikaa wameachana nafasi, mmoja hapa, mmoja pale, hivi kwamba watu wetu walilazimika kukaa katikati yao. Mama alimtafuta tonton Gaby.

"Bon, Mama Béa, hao ni bageni ya Patron," alisema, macho yake yako kwenye waya wa maikrofoni. "Uwapange tu."

Mama akajaribu. Alieleza mambo ya mkono, akasimulia mkwe na jogoo. Papa Losala alicheka, wamama wa sokoni wakamfuata, halafu kicheko kikakatika chenyewe. Wale wanaume walikuwa wanamtazama Mama bila hata kupepesa, kama watu wanaosubiri mashine ipoe. Sikuwa nimewahi kuona kisa cha mama yangu kikianguka.

Patron aliingia, mtu mdogo mwenye sauti laini. Alinishika kichwa akipita, akauliza kama nasoma vizuri. Kipindi kikaanza. Alisema chombo kilikuwa kizima, mto ndio ulikasirika, na Mungu ana mipango yake. Makofi yakalipuka. Nilitazama mkono wa Mama. Ulikuwa umelala kando ya kitenge chake. Hakuwa ameuinua.

Mama Botuli alisimama na maikrofoni aliyoletewa.

"Mimi ni mama ya Annie," alisema.

Wale wanaume wakapiga makofi. Yeye, kwa adabu, alingoja waishe. Walipoacha, akaanza tena: "Siku ile, kwa port..." Wakapiga tena, na sasa walikuwa wanatabasamu, wengine wamesimama, kama vile ameshinda zawadi. Kila alipofungua kinywa, walipiga. Nyumbani, kwenye sebule za mji mzima, watu walimwona mjane anayeshangiliwa na wakadhani anaheshimiwa. Mama alitoa ishara ya kushusha mkono mara ya kwanza, mara ya pili. Watu wake waliweka mikono magotini. Wale wengine walimtazama usoni na kuendelea kupiga.

Hapo Mama alifanya jambo alilotukataza sote. Alipita mbele ya kamera. Alisimama karibu na Mama Botuli, na wapiga makofi, ambao hawakuwa wameambiwa kitu juu ya mwanamke huyu wa pili, walisita. Ilitosha. Aliinamia maikrofoni na kusema kwa pumzi moja:

"Huyu mama aliambia mwenye billets ashushe batu, akajibiwa ni ordre ya Patron."

Ukumbi ulinyamaza hadi nikasikia taa zikivuma. Patron alimtazama Mama bila hasira yoyote, taratibu, kuanzia kilemba mpaka viatu. Kisha mafundi wakakata picha na kuweka muziki.

Nilitolewa nje, nikasimama karibu na jenereta nikimsubiri. Mmoja wa wale wanaume alikuja akachuchumaa mbele yangu, akanipa biskuti.

"Weye ni mutoto ya Mama Béa," alisema kwa upole. "Nyumba yenu ni ile iko na portail ya bleu, karibu na kisima. Si ni ile?"

Nikasema ndiyo, geti letu lilikuwa la buluu kweli. Akatikisa kichwa, akaenda zake. Kifua kilinijaa fahari. Mama alipotoka na Mama Botuli, nilimkimbilia.

"Mama, tunajulikana sasa. Kuna papa mumoja anajua hata portail yetu."

"Papa gani?"

Nikamwonyesha biskuti. Aliichukua mkononi mwangu, nilikuwa nimeiuma mara moja tu, akaitupa mtaroni. Nililia kwa ajili ya biskuti ile njia nzima, na hakuna aliyenibembeleza. Papa Losala alinibeba kwenye baiskeli yake, wanawake wawili wakitembea haraka pembeni. Hatukwenda nyumbani. Tulishuka moja kwa moja mtoni, na nguo zetu za Jumapili, tukapanda pirogi, yaani mtumbwi, kwenda Yanonge.

Siku chache baadaye Papa Losala alituletea mabegi. Nilimsikia akimweleza Mama kwamba alikuta geti wazi na hakuna kilichoibiwa. Ila viti vyetu vyote vilikuwa vimetolewa uani na kupangwa mistari, vikitazama mlango wa nyumba. Mimi nilifurahi. Nilidhani majirani wanatuandalia sherehe ya kurudi.

Hatukurudi katika nyumba ile. Lile neno moja lilikuwa limesikika. Kwa miezi kadhaa watu walikataa kupanda vyombo vya Patron, vikakaa vimefungwa bandarini, mpaka alipohamishia biashara yake kwenye mto mwingine. Hakuna aliyemhukumu. Sisi tulikaa kwa Mama Botuli mpaka mvua zikapita, kisha tukahamia Lubunga, ng'ambo ya pili ya mto, ambako Mama aliuza chikwangue, mikate ya muhogo, na hakukanyaga tena studio yoyote.

Ile miezi ya Yanonge niliitunza kama wakati mzuri kuliko wote wa utoto wangu. Samaki wa liboke, waliookwa ndani ya majani, kila jioni, hakuna shule, watoto wa Mama Botuli kama ndugu zangu. Na Mama, ambaye mjini hakuwa na nafasi ya kukaa, kila alasiri alikaa pale vyombo vinapotia nanga, akimenya mihogo, uso wake kwenye maji. Kwa miaka mingi niliwaambia watu kwamba mama yangu anaupenda mto sana. Mwaka jana, amekwisha kuzeeka, nilimkumbusha jinsi alivyokuwa akipumzika pale.

"Kupumzika?" alisema. "Nilikuwa naangalia banaume benye kushuka bila muzigo."

Nikakumbuka kwamba alasiri zile zote nilikuwa majini nyuma ya mgongo wake, nikimwita atazame ninavyoogelea, na nikikasirika kidogo kwa kuwa hageuki.