Igoki Alivyoshinda Kesi ya Mafuta ya Taa

Kabla Waingereza hawajatangaza Hali ya Hatari dhidi ya Mau Mau, mtu wa Kianjokoma akiishiwa na mafuta ya taa alikwenda kwa Igoki. Huyu alikuwa mjane mwenye binti mmoja, Karimi, na kibanda chenye pipa na bomba la mkono. Alikuwa mwepesi wa ulimi na hakumwogopa mtu. Hata watu walipohamishiwa ndani ya kijiji kilichozungushiwa handaki, aliomba ruhusa akaburuta pipa lake hadi huko.

Mwaka wa hamsini na tano kampuni ya mafuta ilisema itampa mafuta wakala mmoja tu katika soko la Kianjokoma, naye atateuliwa na kamati ya leseni. Igoki aliomba. Aliyepewa ni Misheck, mkubwa wa homugadi, wale askari wenyeji wa serikali, mtu ambaye hakuwahi kuuza hata kiberiti. Misheck mwenyewe alikuwa mjumbe wa kamati hiyo.

Igoki aliomba pasi ya kusafiri, akashuka Embu na kupeleka malalamiko mahakamani. Wengi walimwambia anajitafutia balaa. Siku ya kesi, hakimu Mzungu alimuuliza Misheck kupitia mkalimani:

"Jina lako lilipojadiliwa, wewe ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa nimeketi pale pale."

"Na kura ilipopigwa?"

"Niliinua mkono."

"Kwa ajili ya nani?"

"Yangu mwenyewe, bwana. Ningemwinulia nani mwingine?"

Watu walicheka. Hakimu hakucheka. Alisema mtu hawezi kujigawia haki, akafuta uteuzi ule na kuagiza kamati ikae upya bila Misheck. Igoki alirudi nyumbani akiimba njia nzima.

Kamati ilikaa upya, na Misheck hakuwamo. Lakini iliweka sharti: mwombaji alete cheti cha uaminifu kwa serikali. Vyeti vilitolewa kwenye kambi ya homugadi, na aliyeketi nyuma ya meza huko alikuwa Misheck.

"Umenishinda, Igoki," alimwambia kwa upole. "Mimi sishindani na mahakama. Niambie tu ni nani aliyekulisha kiapo cha Mau Mau, nikuandikie cheti."

"Sijala kiapo."

"Basi huna la kukiri. Na asiyekiri hapewi cheti."

"Nikiri kitu ambacho sikufanya?"

"Kachimbe ukifikiria."

Akapelekwa kuchimba handaki pamoja na wanawake wanaoadhibiwa. Alichimba hadi viganja vikachubuka, na aliponyoosha mgongo alipigwa fimbo. Karimi alipomletea maji, askari aliyamwaga mbele yao wote wawili, kisha akamrudishia mtoto kibuyu. Jioni Igoki alipitishwa mezani, na swali lilikuwa lile lile. Misheck hakupaza sauti hata siku moja.

Mwishowe Igoki alitafuta jina la mtu asiyeweza kudhurika tena. Alimkumbuka Bundi, jirani yake wa zamani, aliyeuawa msituni mwaka uliotangulia na maiti yake kulazwa sokoni ili watu waione.

"Ni Bundi," alisema.

Misheck aliandika. "Mlikula wapi?"

"Nyumbani kwake."

"Nani alishika mlango? Nani alipika?"

Igoki alifuta udongo viganjani.

"Wanaume hawakujipikia," Misheck alisema. "Mkewe alikuwepo au hakuwepo? Sema moja, uende na cheti chako."

"Alikuwepo."

Wiki hiyo hiyo kamati ilimpa Igoki uwakala, na asubuhi moja homugadi walimchukua Marcella, mjane wa Bundi. Walimtoa akiwa na mtoto mgongoni, wakatia nyumba moto na kuondoka na mbuzi wake. Igoki aliuona moshi akiwa kibandani, akisubiri pipa la kwanza kutoka kwa kampuni. Lililetwa na lori la nduguye Misheck, maana kazi ya kubeba ilikuwa imeshatafutiwa mwenyewe.

Biashara ilishamiri. Karimi alisoma. Habari zilifika kwamba mtoto wa Marcella alifia kizuizini kwa kuhara, na Igoki alipozisikia aliingia ndani, kisha akatoka kuhudumia wateja.

Marcella aliachiliwa Hali ya Hatari ilipokuwa inakaribia kwisha. Alikuwa amekonda, meno ya mbele hana. Alikuja dukani mchana, watu wakiwa kwenye foleni, akasimama zamu yake kama wengine. Alipofika mbele, Igoki aliona kwamba hakushika chupa.

"Mama Karimi," Marcella alisema, "nimekuja kukuuliza. Siku hiyo ya kiapo nilikupikia nini?"

Igoki alishika mpini wa bomba asilisukume wala kulivuta.

"Nimefikiria kule sana," Marcella aliendelea, kama mtu anayezungumzia mvua. "Nilitaka nijue. Ilikuwa nyama au mukimo?"

Watu walitazama chini. Hakuna aliyeondoka, maana mafuta hayakuwa yakiuzwa kwingine. Marcella alingoja mpaka akaona hatajibiwa, kisha akageuka na kushika njia ya kwenda kwa kaka yake huko Mbeere, ambako alikaa mpaka kufa kwake. Aliyekuwa nyuma yake alisogea akaweka chupa mezani, na Igoki akampimia. 

Usiku ule Karimi alimuuliza mama yake yule mwanamke alikuwa anataka nini.

"Alitaka kukopeshwa," Igoki alisema.