Mwongozaji Aliyezima Sauti

Nimehama sana huku Marekani. Louisville nilipakia maboksi upande wa South End, nikiishi na Warundi wenzangu waliolelewa kambini Tanzania kama mimi. Columbus nilipanga na Wakenya waliokuja kusoma, wanaoanza sentensi kwa Kiswahili na kuimalizia kwa Kiingereza. Kila mji nimeuacha nikiwa nimeshaanza kuukumbuka. Wakongo wengi nilikuja kukutana nao Buffalo, na huko huko nikakutana na mwongozaji wa filamu kutoka Kanada.

Alikuwa mama wa miaka sitini na kitu, mfupi, amevaa koti la mvua hata siku ya jua. Alikuwa akitengeneza filamu kuhusu wageni waliohamia Lackawanna, mji wa jirani, kwenye nyumba walizoacha watu wa kiwanda cha chuma. Kanisani walinipendekeza nimwandikie maneno ya Kiingereza chini ya picha, kwa sababu, walisema, Kiswahili changu ni cha shule.

Tulifanya kazi mchana, katika chumba nyuma ya kanisa. Wakati wa chai nilimuuliza alianzaje. Alianza kwa kukokota nyaya katika kituo kidogo cha televisheni, mji wa ngano na theluji. Wakampa aongoze utabiri wa hali ya hewa, kisha mechi, kisha vipindi vya watoto. Halafu miaka na miaka ya tamthilia za polisi zilizoandikwa na wengine, mwezi huu mji huu, mwezi ujao mwingine. Mara moja wakampeleka kuongoza waigizaji wa Kifaransa, naye hakujua Kifaransa. Akajifunza kuzima sauti na kutazama tu. Filamu ya kwanza ya kwake mwenyewe aliipata akiwa na mvi.

Alisema hayo huku akichovya biskuti, kama mtu anayeeleza alivyokwenda sokoni. Nami nilikuwa najiona ndiye mtu aliyezunguka!

Siku hiyo tulikuwa na picha za mzee mmoja Mkongo, mwenzangu katika kibarua changu cha usiku. Alikubali kurekodiwa kwa sababu moja: watoto wake humjibu kwa Kiingereza, na hajawahi kuweza kuwaeleza yaliyowapata walipokimbia vita. "Batasoma," aliniambia. "Andika muzuri."

Kwenye picha alisema, "Bibi yangu alikufia mu njia." Nikaandika kwamba mama wa mama yake alifia njiani. Kwetu bibi ndiye huyo.

Mwongozaji akazima sauti, akairudia picha mara mbili.

"Hapa umeandika nani amekufa?"

"Bibi yake. Mama wa mama yake."

"Hapana. Tazama mkono."

Nikatazama. Katika sentensi ile mzee alisogea kidogo kwenye benchi, akapangusa kwa kiganja nafasi aliyoiacha, kama mtu anayemwandalia mwenzake pa kukaa. Mama huyu hakujua hata neno moja la Kiswahili.

Nilitoka kumtafuta mzee. Alikuwa kwenye ukumbi wa kanisa akipanga viti.

"Mzee wangu, bibi yako ni nani?"

"Bon, we uliokotwa wapi? Bibi ni ule uliyeoa!"

Nikamwambia nilichoandika. Alicheka mpaka akashika kiti. "Donc nilizala batoto saba na koko yangu, mama ya mama yangu!" Kisha kicheko kikakatika. "Na bale batoto bangesoma vile?"

"Nisamehe, mzee."

"Futa. Enda ufute sasa."

Nilifuta, nikaandika "mke wangu".

Filamu ilipoonyeshwa pale pale ukumbini, nilikaa nyuma ya mzee na kitinda mimba wake, msichana aliyevuka mpaka akiwa mgongoni mwa baba yake. Msichana alisoma ule mstari wa "mke wangu" midomo ikicheza. Mwongozaji alisimama ukutani. Hakutazama filamu yake, alimtazama msichana.

"Papa," msichana alinong'ona, kwa Kiswahili cha kutafuta-tafuta, "mama alikuwa... murefu?"

"Murefu kunipita mimi," alisema mzee. "Na aliimbaka vibaya sana."